Kibao Shingoni mwa Mama

Kuna neno moja la Kiingereza ambalo hadi leo nikilisikia mori unanipanda. Neno lenyewe ni vernacular. Nimekutana nalo mahali pengi, kila mahali na sura yake, na sijawahi kuliona likimtendea mtu wema.

Nilipokuwa shule ya msingi kule Suji, milimani, hatukulijua. Walimu walisema kilugha, na kilugha kilikuwa Chasu, lugha tuliyoamkia na kulalia. Ukikisema darasani unachapwa, halafu jioni mwalimu huyohuyo anakitumia kumwuliza mama yako bei ya maharage. Sekondari ndiko nilikolikuta neno la Kizungu, limeandikwa ukutani na kupigwa marufuku. Hapo Kiswahili, kilichotushikia fimbo miaka yote, nacho kikatupwa kapu moja na Chasu. Kanisani nikamsikia mgeni mmoja akilisifu: ni jambo jema, alisema, watu kumwomba Mungu kwa vernacular. Alilisema kwa sauti ile ya kumsifia mtoto aliyefunga viatu mwenyewe.

Chuoni mhadhiri alitueleza kwa utulivu kwamba ni lugha ambayo watu wa mahali huongea majumbani mwao. Nikanyoosha mkono nikauliza kama basi Kiingereza ni vernacular kwa Mwingereza anayeongea na mama yake jikoni. Darasa zima likacheka. Mhadhiri akasema kitaalamu ni sawa. Kitaalamu! Tangu siku ile namsubiri mtu akiite Kiingereza hivyo kwa kawaida tu, bila utaalamu, na bado sijampata.

Yote hayo ningeyameza. Lakini mwaka juzi neno lilinifuata mpaka ndani kwangu, hapa Same mjini.

Mama alishuka kutoka Suji kuja kutibiwa macho, akakaa kwangu. Binti yangu alikuwa darasa la nne katika shule moja ya Kiingereza. Nilimpeleka mwenyewe kwa sababu nilitaka akijue Kiingereza. Sikumpeleka akafundishwe kumwogopa bibi yake. Mtoto huyu alirithi jina la mama mzazi wa mama yangu, na kwetu jina halirithiwi bure. Mama alikuwa akimsalimia mtoto kwa Chasu, kwa adabu yote, kama mtu anavyomsalimia mzazi wake. Mtoto naye alikuwa akiitikia taratibu kwa sauti ya mtu mzima, kisha akimwuliza huyo mwanawe wa miaka sabini na kitu kama amelala vizuri. Ulikuwa utani, lakini nimewahi kumwona mama akifuta machozi baada yake. Maneno yenyewe siyaandiki hapa, ni yao.

Siku moja mama alikwenda kumchukua shuleni, na pale getini wakasalimiana kama kawaida yao. Kiranja akasikia. Kesho yake mtoto akavishwa kibao cha mbao chenye kamba, kimeandikwa kwa rangi nyekundu, kwa Kiingereza, kwamba mvaaji ni msema vernacular. Utaratibu wao ni huu: unakivaa mpaka umkamate mwingine akisema kisichoruhusiwa, unamvisha yeye, naye anaanza kuwinda. Binti yangu hakumkamata mtu siku ile. Akarudi nacho nyumbani, akapokewa mlangoni na bibi yake kwa Chasu. Basi akakivua, akamvisha bibi.

Nilirudi jioni kutoka kazini nikamkuta mama jikoni anageuza makande, kibao kinaning'inia kifuani juu ya kanga, uso unamng'aa.

"Mwanao kaniletea zawadi," akaniambia. "Siku hizi shuleni wanafundishwa kuchonga?"

Nilikisoma, nikakisoma tena. Mama anasoma Biblia na kitabu cha nyimbo vizuri tu, ila Kiingereza hakijui.

"Wameandika nini?" akauliza.

"Wameandika kwamba unaongea Chasu."

Akakitazama, akacheka. "Sasa si kweli? Wamejuaje?"

Mtoto akaangua kilio. Kati ya kwikwi na kwikwi akaeleza yote: kwamba kibao ni cha adhabu, kwamba alikipata kwa sababu ya salamu ya getini, na kwamba Bibi amekosa kwa hiyo sasa ni chake. Mama aliacha kucheka. Akakivua kwa mikono miwili, akakilaza mezani, maandishi chini. Mimi nilisema mengi, na mengine hayaandikiki.

Asubuhi nilikuwa shuleni kabla ya kengele. Mwalimu wa zamu alikuwa msichana mdogo kwangu kwa umri, mwenyeji wa Mamba, milimani kwetu. Lafudhi ilimtaja kabla hajamaliza kunikaribisha.

"Karibu mzazi. Tukaongee ofisini."

"Hapahapa panatosha, mwalimu. Mama yangu ana kosa gani?"

"Bibi hana kosa. Kosa ni la mtoto. Hapa vernacular hairuhusiwi."

"Vernacular ndiyo nini?"

"Lugha yoyote isiyo Kiingereza."

"Hata hii tunayoongea sasa hivi, mimi na wewe?"

Akatazama pembeni. "Kwa wanafunzi, ndiyo."

"Na wewe ukimpigia simu mama yako kule Mamba, mnaongea nini?"

"Mzazi, usinitafutie matatizo. Na mimi nimeajiriwa." Akanyoosha mkono. "Kibao naomba. Ni mali ya shule."

Nilimpa. Kilikuwa kimeshika unga wa mezani kwetu. Akaufuta kwa kiganja, taratibu, akakitundika kwenye msumari mlangoni, tayari kwa shingo nyingine. Nilitamani kukipasua kwa meno. Ule uangalifu wa kukifuta uliniuma kuliko yote aliyosema.

Nimelifikiria neno lile sana tangu hapo, na sioni kama lina lugha yake. Milimani lilikuwa Chasu, hapa bondeni limekuwa Kiswahili, na kesho litakuwa chochote mtoto atakachotoka nacho kwao. Maana yake ni moja tu: lugha ya mama yako ibaki nje. Nasema ni tusi. Wanaolitundika shingoni mwa watoto wanajua ni tusi. Lingekuwa sifa wasingelitafutia kamba.

Mtoto alibadilika. Bibi akimsalimia, anaangalia dirishani kwanza, halafu anatikisa kichwa tu. Ndani ya nyumba yangu, mlango umefungwa! Nilimwapia kwamba hapa hakuna kiranja. Nikapandisha sauti, naye akazidi kujikunyata. Mama akaniambia nimwache mtoto.

Wiki ileile alinifuata uani nikianua nguo.

"Nifundishe kumwuliza mtoto kama ameshiba," akasema. "Kwa Kizungu."

"Mama, huna haja ya kufanya hivyo."

"Sitaki aadhibiwe kwa ajili yangu. Nifundishe."

Nikamfundisha, meno nimeyauma. Alirudia maneno yale huku akikunja nguo, akisahau, akiniuliza upya, mwanamke aliyewahi kunyamazisha kikao kizima cha ukoo kwa sentensi moja ya Chasu.

Wakati wa chakula, mtoto alipomaliza sahani yake, mama alijikohoza, akajiweka sawa, akauliza swali lake lote mpaka mwisho. Binti yangu akainua uso. Nilidhani atamrukia bibi yake shingoni. Badala yake alinyoosha mgongo, akainua kidole, na kwa sauti ya mwalimu wake akamwambia kwa Kiingereza kwamba amekosea, aseme tena.

Mama hakuelewa maneno, ila kidole alikielewa. Akaweka mikono magotini, akasema tena.