Usukani wa Baba Ulipohamia Kushoto

Baba aliniita kwa sauti ambayo sikuwa nimeisikia tangu augue. Nilikuwa uani naokota nguo zilizoangushwa na upepo, maana mvua ilipita kwa kishindo mchana ule, na umeme ulikuwa umekatika ukarudi, ukakatika tena ukarudi, kama ilivyo kawaida ya kwetu Itetemia mawingu yakijaa. Nilidhani ameanguka. Nikaliacha beseni palepale nikakimbilia sebuleni.

Hakuwa ameanguka. Alikuwa kwenye kiti chake mbele ya kompyuta, mkono wa kushoto umelala pajani, wa kulia ameunyoosha kuelekea kwenye kioo kama mtu anayemshitaki mwizi.

"Nani kahamisha usukani?" aliniuliza.

Nilitazama. Ndani ya lile gemu la malori, usukani uliokuwa kulia siku zote ulikuwa umehamia kushoto. Picha ilikuwa imefifia kama chumba chenye moshi, na lori lenyewe lilikuwa linavuta upande mmoja bila mtu kugusa chochote.

Baba alikuwa dereva wa malori. Maisha yake yote ya kazi alisomba tumbaku kutoka Ulyankulu, Urambo na Kaliua kuileta Tabora mjini, na nyingine akaipeleka mbali zaidi, hadi Morogoro. Alikuwa akisema kwamba hakuanza yeye. Babu wa baba yake alikuwa mpagazi, alibeba mizigo ya watu kichwani kutoka huku kwetu hadi pwani kwa miguu, na yeye alichofanya ni kutafuta namna ya kuibeba akiwa amekaa. Alikuwa akilisema hilo kwa majivuno na kicheko. Kisha kiharusi kikampiga upande wa kushoto. Mdomo ulirudi, mguu ulirudi nusu, akawa anatembea na mkongojo. Mkono haukurudi. "Mkono wa gia," ndivyo alivyouita, si mkono wa kushoto.

Gemu lililetwa na mdogo wangu anayefanya kazi Mwanza, alipokuja nyumbani Krismasi. Aliliweka kwenye kompyuta ya zamani niliyoitoa steshenari kwangu. Nilikuwa na wasiwasi kwamba baba ataona tunamfanya mtoto. Alilitazama muda mrefu, halafu akasema, "Huyo dereva kakaa vibaya. Dereva hakai kama aliyezama kwenye pipa. Mpandishe kiti."

Basi tukaanza kumpandisha kiti. Mdogo wangu aliporudi Mwanza, mimi na baba tukabaki na kazi hiyo kila nikitoka dukani. Tulihamishia kila kitu upande wa kulia wa kibodi, ili mkono mmoja utoshe. Tuliweka usukani kulia kama malori ya kwetu. Tuliongeza ukubwa wa vioo vya pembeni, kwa kuwa jicho lake la kushoto nalo lilikuwa limedhoofu. Muziki tukauzima, muungurumo wa injini tukaupandisha. Tulibishana kuhusu gia. Nilimwambia kwa mkono mmoja ni heri lori lijiwekee gia lenyewe.

"Gari gani hilo linajiwekea gia lenyewe?" alisema. "Sasa mimi hapo ni dereva au ni mzigo?"

Lakini alikubali, kwa sababu hakukuwa na njia nyingine.

Barabara za mle ndani zilikuwa za Uingereza, ambako nao hupita kushoto kama sisi. Alizishangaa. Hakuna ng'ombe, hakuna baiskeli zenye magunia ya mkaa, hakuna mtu anayekupungia umbebe. Miji aliipa majina aliyoyazoea. Mji wa kwanza ulikuwa Urambo, wenye bandari ukawa Kigoma. Mama yangu, ambaye ni mwimbaji wa kwaya ya Moraviani na hajawahi kuigusa kompyuta, akawa anapita na sufuria yake na kuuliza, "Umefika wapi, mzee?"

"Naingia Kaliua."

"Haya, pita salama."

Mimi nilikuwa nakaa nyuma yake, nakunja karatasi za dukani, namtazama. Nilipokuwa mdogo nilimjua baba kwa mgongo. Alikuwa akiingia Jumamosi, nguo zimejaa harufu ya tumbaku, analala, na Jumapili tukirudi kanisani tunakuta kikombe chake cha chai mezani na uwanja alipoegesha lori mtupu. Nililia sana kwa ajili ya uwanja ule. Sasa alikuwa nyumbani kila siku, nimejua kwamba anapenda karanga za kuchemsha, kwamba anaongea Kinyamwezi usingizini, kwamba anaogopa sindano. Yote hayo nilikuwa nimeyatamani tangu utoto, na nilipoyapata nikaona kwamba yeye mwenyewe anatamani kuwa mahali pengine. Nilifurahi kuwa naye, nikawa namwonea huruma kwa furaha yangu hiyohiyo.

Siku ile ya mvua nilijaribu kubonyeza hiki na kile, lori likazidi kuvuta. Nikampigia mdogo wangu, nikaweka sauti ya nje ili wote tusikie.

"Shikamoo, baba," alisema.

"Marahaba. Lori limeharibika."

Nikamweleza yaliyotokea. Akasema umeme ulipokatika mipangilio imevurugika, nyingine imebaki, nyingine imepotea. "Usihangaike na kimoja kimoja, dada. Ingia kwenye mipangilio, shuka chini kabisa, utaona pa kurudisha kila kitu kama mwanzo. Bonyeza hapo, halafu mpange upya."

"Kila kitu?" baba aliuliza.

"Kila kitu, baba. Kama walivyoliacha waliolitengeneza."

"Na safari zangu?"

"Safari zako zinabaki. Kinachorudi mwanzo ni mipangilio tu."

Simu ilipokatika nilishuka chini kama nilivyoelekezwa, nikakiona kitufe. Nilipokigusa, kioo kikauliza kwa Kiingereza kama tuna uhakika. Nikamtafsiria baba.

Nje maji yalikuwa bado yanadondoka kutoka kwenye bati hadi kwenye ndoo za mama.

"Mimi wangeniuliza hivyo," alisema hatimaye, "ningerudi kule kwenye mchanga wa njia ya Puge. Mwaka ule tulikwama masika. Mimi na utingo wangu. Lori limezama hadi kwenye mhimili, tumbaku nyuma, turubai linavuja. Tulipika dengu kwenye kopo la rangi. Asubuhi akina mama wa hapo walikuwa wanapita wakienda mashambani, wanatuamkia, mwangaluka, mwangaluka, kama sisi ni wanakijiji wenzao. Nilikuwa nakasirika kweli. Nilikuwa namtukana tajiri, naitukana mvua." Akautazama mkono wake pajani. "Sikujua kwamba ndio nimekaa vizuri."

Mama alikuwa amesimama mlangoni, kitambaa cha kufutia vyombo mkononi. Sikujua amefika lini.

"Mimi," alisema, "ningerudi asubuhi ile uliposema kichwa kinauma, nikakwambia twende hospitali, ukaniambia unapeleka kwanza mzigo."

Hakulisema kwa hasira. Alilisema kama mtu anayetaja mahali alipodondosha kitu, kisha akaendelea kufuta kisahani ambacho kilikuwa kimeshakauka.

"Bonyeza," baba akaniambia.

Nikabonyeza. Mara ile muziki ukalipuka, ule tulioukataa tangu mwanzo, mpaka mama akashtuka. Dereva akazama tena kwenye pipa. Vioo vikawa vidogo. Usukani ukabaki kushoto, sasa si kwa bahati mbaya bali kwa sababu ndipo walipouweka wenyewe. Na vitufe vyote vya kuendeshea vikawa vimehamia upande wa kushoto wa kibodi.

Nilinyoosha mkono nianze kupanga upya. Baba akanizuia.

"Ngoja kwanza."

Akaushika mkono wake wa kushoto kwa mkono wa kulia, akaunyanyua kutoka pajani kama mtu anayenyanyua mtoto aliyelala, akauweka juu ya vitufe. Vidole vilikuwa vimejikunja. Akavinyoosha kimoja kimoja, na kila alichokiachia kilikuwa kinarudi kujikunja. Akauegemeza mkono hivyohivyo.

Lori likapiga honi. Vifuta maji vikaanza kucheza kwenye jua kali, taa zikawaka, likaondoka lenyewe taratibu kuelekea kushoto, likavuka ukingo wa barabara, likaingia kwenye majani na kusimama limeegemea uzio, honi bado inalia.

Mama ndiye aliyeanza kucheka. Alicheka hadi akashika fremu ya mlango. Baba akageuka kumtazama, nikaogopa, kisha naye akacheka, kile kicheko chake kinachopanda upande mmoja wa uso tu.

"Umefika wapi, mzee?" mama aliuliza huku akifuta machozi.

"Nimeingia kwenye shamba la watu."

Hakuacha. Alijaribu tena, na tena, jasho likimtoka kwenye paji la uso. Kila mara lori lilikwenda majanini. Kuna wakati niliona kidole cha shahada kimeshuka chenyewe, lori likakaa barabarani kidogo. Au mimi ndiye niliyetaka kishuke. Sikumuuliza kama amekiona. Alipochoka aliurudisha mkono pajani, akaufunika kwa ule mwingine.

"Haya, nirudishie vyangu," alisema.

Nilianza kupanga, nikagundua kwamba mimi nimesahau mengi, yeye hakusahau hata kimoja. Kioo hiki kiwe kikubwa kiasi hiki. Kiti juu, juu kidogo tena, hapo. Injini isikike zaidi ya mvua, ila mvua isizimwe. Nilipofika kwenye usukani na kutaka kuurudisha kulia, akatikisa kichwa.

"Huo uache hukohuko."

"Kushoto, baba?"

"Upande wa utingo. Nijizoeze."

Sikulielewa neno lile mpaka siku iliyofuata. Shangazi yangu wa Puge alikuwa amemwita baba mara nyingi aende kumsalimu, naye mara zote akakataa. Tangu augue hakutaka kupanda gari lolote lenye dereva mwingine. Hospitali tulikuwa tunampeleka amelala kiti cha nyuma, kafumba macho. Asubuhi hiyo aliniomba simu, akampigia yule utingo wake wa zamani, ambaye sasa ni mtu mzima mwenye lori lake mwenyewe, akamuuliza ni lini anapeleka mzigo Nzega.

Tulikwenda wiki ileile. Utingo alishuka kwenye lori, akamwamkia baba kwa kuinama kabisa, kisha akasimama mlangoni upande wa dereva kana kwamba anasubiri amri. Baba akazunguka na mkongojo wake hadi upande wa kushoto. Tukampandisha. Mimi nikakaa kwenye kile kitanda chembamba nyuma ya viti. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kupanda lori na baba yangu. Kaka zangu na mdogo wangu aliwahi kuwachukua. Mimi nilikuwa wa kike, nikabaki uwanjani.

Tukapita Isikizya. Niliuona mguu wake wa kulia ukikanyaga sakafu kila gari la mbele lilipopunguza mwendo. Utingo naye alikuwa anaendesha kwa adabu mno, anabadilisha gia kama anayefanya mtihani.

"Kanyaga, bwana," baba akamwambia. "Mzigo wako utaozea njiani."

"Sawa, bosi."

Tulipokaribia Puge akaomba tusimame. Tukamshusha, mimi kwapani huku, utingo kule. Lami ya sasa imenyooka pale, na pembeni yake, upande wa magharibi, njia ya zamani imejipinda na kuingia msituni. Ungeweza kupita bila kuiona. Majani yameota katikati, miti michanga imeinamia pande zote, lakini mchanga wake bado ni uleule mweupe, na mvua ilikuwa imeuacha laini, hauna alama ya tairi wala ya mguu.

Nilidhani atatuonyesha mahali walipokwama. Hakuonyesha. Alisimama anatazama pale njia inapokata kona na kupotea. Utingo alivua kofia, akaikunja, akaivaa tena.

"Dengu zile ziliungua," alisema utingo polepole.

"Ziliungua," baba akajibu.

Akachomeka mkongojo wake mchangani, ukazama kidogo, akauchomoa. Kisha akasema twende.

Shangazi alitupokea kwa vigelegele na kumlaza baba, mdogo wake, begani kama mtoto. Utingo hakukaa, mzigo ulikuwa unasubiriwa Nzega. Tulimwekea baba kiti barazani. Lori likawaka, likarudi nyuma, likaingia barabarani. Shangazi alikuwa anauliza habari za mama, za mvua, za mahindi, mimi namjibu, na baba akainua kiganja chake cha kulia kutuomba tunyamaze.

"Gia ya pili," alisema.

Tukasikiliza. Injini ilivuta, ikashuka, ikavuta tena.

"Ya tatu."

Sauti ilikuwa inakwenda mbali, nyuma ya nyumba za watu, nyuma ya miti.

"Amechelewa. Sasa, ya nne."

Baada ya hapo mimi sikusikia tena kitu, kuku tu na watu wakiongea jirani. Shangazi alinitazama, nikamtazama. Baba alikuwa bado amegeuzia sikio lake barabarani, kiganja juu.