Bibi-Arusi wa Uongo

Nilishonesha gauni la dame d'honneur kabla ya mtu yeyote kuniomba niwe dame d'honneur. Nalisema mapema ili mnicheke sasa, halafu tuendelee. Rafiki yangu aliniambia tu kwamba familia ya mchumba wake imekubali kuja kutoa mahari, na jioni hiyohiyo mimi nikawa kwa fundi, mikono juu, napimwa kiuno. Fundi akauliza, "Iko ya feti gani, ya ndoa?" Nikamjibu kwa sauti ya mtu mkubwa: "Dame d'honneur. Nitasimama kando ya bibi-arusi, nimeshika maua."

Kwani nani mwingine angesimama? Tulikalia benchi moja shuleni mpaka mtihani wa Serikali. Baadaye yeye akaanza kuuza vikwembe, yaani vitenge, sokoni, akasafiri, akajulikana. Mimi nikabaki mtaani kwetu Lumumba, ndani ya nyumba, nikishona foronya na kugombana na redio. Ni mtu wa nyumba mimi. Nikifika soko kuu, nikirudi naloweka miguu kama mtu aliyetoka Kisangani bila gari. Lakini kila Jumapili baada ya misa rafiki yangu alikuja kuketi mkekani kwangu, na hiyo ilinitosha. Niliihesabu Jumapili kuwa mali yangu.

Kumbe njiani huko alikuwa amepata rafiki mwingine, mfanyabiashara wa Komanda, mwanamke wa kucheka kwa sauti, anayepanda pikipiki bila kushika popote. Nilimchukia siku ya kwanza, kwa sababu alinisalimia vizuri.

Basi rafiki yangu akatuita marafiki wake watano, akatugawia kazi. Hakutaka tuje tu kukalia viti na kula. Alitaka kila mmoja awe na mahali pake ndani ya sherehe. Yule mwalimu angesoma somo la Biblia. Yule ambaye kwao ni watu wa ng'ombe angempelekea mama mkwe kibuyu cha maziwa. Yule aliyekimbia vita kutoka Fataki, ambaye kwao sasa hakuna aliyebaki wa kumwandalia karamu, angepiga vigelegele vya kwanza, kwa namna ya kwao, na mtu asifungue kinywa kabla yake. Yule wa Fataki akalia. Hata mimi niliguswa, huku nimenyoosha shingo nikingoja zamu yangu.

"Weye wa Komanda," akasema, "utakuwa dame d'honneur."

"Na miye?" nikauliza.

"Weye utakuwa bibi-arusi wa uongo."

Kwetu siku ya mahari bibi-arusi haletwi hivihivi. Kwanza hutolewa msichana mwingine, amefunikwa kikwembe kichwa mpaka miguu, na msemaji wa upande wa mwanamume anaulizwa: ni huyu? Anakataa, watu wanacheka, huyo anarudishwa ndani. Ndipo analetwa mwenyewe. Ni mchezo, na kila mtu anajua. Ndiyo maana bibi-arusi wa uongo hutembea kama bata, akitingisha makalio, ili wazee wapate kucheka.

"Unanifunika?" nikamwuliza.

"Juu weye haupendi watu wakuangalie," akasema kwa upole. "Nilifikiri utafurahi. Utatembea kidogo, watakukataa, utarudi kukaa."

Watakukataa, utarudi kukaa. Niliyatafuna maneno hayo siku nyingi kama paja la mbuzi mzee. Watu wengine wakiwa na wivu hulia, au huenda kuomba. Mimi nilifagia. Nilifagia ua mpaka udongo ukataka kwisha, na kila nilipoinua kichwa nilimwona yule wa Komanda ameshika maua yangu.

Ndipo nikapata akili yangu mbaya. Rafiki yangu ana mwendo wake: mguu wa kushoto unachelewa kidogo, tangu alipoanguka na pikipiki, na bega la kulia linatangulia kana kwamba lina haraka kumpita mwenyewe. Nani anajua hilo kama mimi? Nikafunga dirisha, nikajifunza kuutembea mwendo huo kati ya kitanda na mlango. Yule wa Komanda ashike maua. Mimi nitakuwa bibi-arusi mwenyewe.

Siku ikafika. Chini ya kikwembe nilivaa lile gauni la fundi, kwa ukaidi tu. Nikatoka. Niliviona vidole vyangu na vumbi, basi. Mguu wa kushoto ukachelewa, bega likatangulia, na kicheko kilichokuwa kimeanza uani kikakatika.

"Ni huyu?" msemaji wetu akauliza.

Msemaji wao alikuwa tayari kukataa, ila mchumba mwenyewe akasimama. "Ngoja, muzee. Njo huyu, ni yeye! Ninajua vile anatembeaka."

Shangazi wa mchumba akavuta kikwembe. Nikatokea mimi.

Ua ulilipuka. Wazee walishikana mabega. Msemaji wetu akapaza sauti: "Mukwe amechagua! Tumupatie huyu, siye tubakie na mutoto wetu?" Wakatozwa mbuzi wa kosa. Nami, Mungu anisamehe, sijawahi kuonja kitu kitamu hivyo. Nikamtafuta yule wa Komanda nione uso wake umeanguka. Alikuwa anacheka kuliko wote, anapiga makofi.

Halafu nikaona pazia la mlango. Nyuma yake jicho la rafiki yangu lilikuwa linaniangalia, na halikucheka.

Alipoletwa yeye, mchumba alisita. Aliyeumwa na nyoka huogopa hata kamba. Akaomba kwanza kikwembe kifunuliwe aone uso, na watu wakacheka tena, na safari hii alichekwa bibi-arusi. Machozi yakamtoka. Yule bwana akapiga magoti mbele ya wote, mbele ya mama yake mzazi na kibuyu chake cha maziwa, akasema, "Unisamehe, nilikosea." Akamsamehe. Wa Fataki akapiga vigelegele vyake, vizuri mno.

Akipita mbele yangu kwenda kuketi, rafiki yangu alisimama kidogo, akaniangalia kuanzia mabega mpaka pindo. "Ile robe," akasema kwa sauti ya chini, "ulishonesha lini?"

Akaketi, na yule wa Komanda akatoa kitambaa, akampangusa shavu moja, kisha la pili, polepole. Machozi niliyoyaleta mimi. Nikaonea wivu hata kitambaa.

Baadaye huyohuyo wa Komanda akanifuata nyuma ya jiko. "Anasema ukuje. Sahani yetu iko moja, siye watano. Amekataza tuanze bila weye."

"Kichwa inaniuma," nikasema.

Nikaenda zangu, kwangu si mbali, nikafunga mlango mchana kweupe. Ngoma nilizisikia zote. Nilikuwa nimekaa mkekani, peke yangu, nikijiambia kwamba angekuja mwenyewe kuniita kama kweli ananipenda, ndipo jirani yangu, mjane tunayetenganishwa naye na ua wa mianzi, aliyekuja mbio kutoka karamuni kuchukua masahani ya kuongeza, akaona mlango umefungwa. Akaleta mdomo dirishani.

"Mama, yule bwana alikosea mara moja, akapiga magoti mbele ya watu wote. Weye ulikosea, unafunga mulango. Wanne wamekaa pale mikono juu ya magoti, chakula inapoa juu yako. Kama hautoke, ile nyama yako nitaikula miye, na rafiki yako atapata mutu mwingine wa kukalia ile nafasi."