Mikia ya Ng'ombe na Warembo wa Madrasi

Nyie mliokulia vijiji vya ujamaa kule Itigi mtanielewa. Enzi hizo wasichana wa shule tulinyolewa kipara, tukapakwa samli, na kioo chetu kilikuwa maji ya ndoo. Sasa chukua mtoto wa namna hiyo umwingize nyumbani kwa Mama Kamala.

Mama Kamala alikuwa mke wa karani wa reli, watu wa Madrasi, kusini mwa India. Dada yangu Zaituni alimpelekea maziwa kila asubuhi, mimi nikimfuata na kibuyu cha pili. Ukutani alikuwa amebandika picha za waigizaji wa sinema za kwao, za Kitamil, na tukisema ni za Bombei alitusahihisha kwa ukali. Wale wanawake walinishtua. Wanja umevutwa hadi karibu na sikio, blauzi imebana mpaka kwenye kiwiko, sari ina marinda yaliyolingana, maua meupe kichwani, na msuko mmoja mnene unashuka kupita kiuno. Nilibaki mdomo wazi mpaka maziwa yakamwagikia miguu yangu.

Zaituni aliuliza nywele zile zinarefushwaje. Mama Kamala akacheka, akafungua sanduku lake na kutoa fungu la nywele za bandia. "Hata wao wanaunga," akasema. Hilo lilinishtua kuliko treni siku ya kwanza nilipoiona.

Basi na sisi tukatafuta za kuunga. Wajukuu zangu leo wanaingia duka la Singida Mjini, wanatoka na nywele za mtu wasiyemjua, na bado wananung'unika kwamba hazing'ai. Sisi tulikuwa watoto wa wafugaji, na nywele ndefu tulizozijua zilikuwa kwenye mikia ya ng'ombe. Jioni, mama akisonga ugali wa uwele, tuliingia zizini na kisu cha mboga tukapunguza nywele za mikia minne. Zaituni alisuka, akashonea kwenye kitambaa cheusi, akachomeka pamba badala ya maua. Wanja ulikuwa masizi ya chungu, sari ilikuwa kanga za mama. Alinijaribishia mimi kwanza, na kwa kweli nilijiona mrembo.

Tulichosahau ni kwamba pale kwetu ng'ombe akikutwa amekatwa nywele za mkia, watu wanamtafuta mchawi. Asubuhi baba alitoka zizini akiita majirani. Kabla ya saa nne mchawi alishapatikana: Bibi Salome, mjane jirani yetu, mkunga aliyenipokea mimi na nusu ya watoto wa kijiji. Ushahidi wao ni kwamba wiki ile aligombana na baba, kwa kuwa ng'ombe wetu waliingia kwenye uwele wake. Balozi wa nyumba kumi aliita watu uani kwake, wakamwambia jua likifika utosini awe ameondoka.

Zaituni alinishika mkono. "Ukisema, baba atatuua." Nilimwogopa baba kweli. Lakini nilimwona Bibi Salome akifunga kitanda chake kwa kamba, peke yake, na watu niliowaamkia shikamoo kila siku wamemzunguka na marungu. Nikaenda ghalani nilikoficha msuko, nikaufunga kichwani, nikajipaka masizi, nikajitanda kanga, nikatembea katikati yao.

Mama alishika kichwa kwa mikono miwili. Baba alinisogelea, akaushika ule msuko, akazitambua nywele za ng'ombe wake. Hakunipiga. Alikaa chini palepale, kwenye vumbi.

Balozi alikohoa, akamwambia Bibi Salome afungue mzigo, mambo yamekwisha, ni utoto tu.

Bibi Salome alinifuta masizi usoni kwa upande wa kanga yake. Kisha akajitwika mzigo. "Wanangu, nimewazalisha wake zenu kijiji kizima," akasema, "na aliyenitetea ni huyu wa miaka tisa." Akashika njia ya Mitundu, na hakuna aliyethubutu kumshika mkono.

Rika langu tukikutana msibani au harusini, wenzangu huwasema vijana wa leo kwamba hawana haya, hawana ujirani. Zamani, wanasema, jirani alikuwa ndugu. Kijiji kile kilikuwa na kaya sitini, na mpaka leo nashtuka nikikumbuka kwamba hakutoka hata mtu mzima mmoja kumsindikiza.