Harusi Iliyongoja Ngoma

Kuna siku moja ninayoikumbuka mpaka leo, mwanangu, mtoto wa dada yangu. Mji wetu wa Kindu ulikuwa umefungwa na vita. Ramazani, kijana aliyenipenda, alikuwa na mashine kuukuu ya sinema, ya kuzungusha kwa mkono, taa yake ikiwaka kwa betri ya gari. Filamu zake zilikuwa fupi, hazina sauti: bwana anakwenda kuposa, anateleza, anaangukia pipa la maji, anaamka, anabisha hodi tena. Tulijifungia ndani mchana, mapazia yameshushwa, tukacheka tumeziba midomo, maana barabarani walipita watu wenye bunduki.

Basi Ramazani akaja kuniposa, yeye na mjomba wake, wamebeba jogoo. Mvua ilikuwa imenyesha. Pale uani Ramazani akateleza, jogoo akaponyoka, mjomba akamkimbiza jogoo, akamwangukia Ramazani, wote wawili matopeni na kofia zao nyeupe. Na hakuna aliyethubutu kupiga kelele! Mama alijifunika kanga usoni. Mimi na mama yako, nyuma ya mlango, mbavu zilituuma. Hata baba, mzee mkali yule, mabega yalimtikisika.

Akafuta machozi, akasema, "Ramazani, uko mutoto muzuri. Binti yangu nitakupa. Lakini tungoje kwanza vita iishe. Harusi bila ngoma iko harusi gani?"

"Ndiyo, baba," Ramazani akajibu, matope yakimdondoka kidevuni. "Tutangoja."

Tukangoja. Ramazani akapanda baiskeli kwenda Kalima kutafuta mafuta ya mawese, na hakurudi. Hakuna aliyetuletea hata habari ya kaburi. Vita vilipoisha watu wakaoana, ngoma zikapigwa mtaani, na baba kila akizisikia aliingia ndani akafunga dirisha. Mimi uchungu huo haujaniisha, nisikudanganye.

Sasa nasikia wewe na mchumba wako mmeahirisha tena, eti mnasubiri ukumbi mkubwa na okestra. Mwanangu, wazee wamekubali, mahari imepokelewa, nyinyi mnapendana, mnangoja nini? Oaneni Ijumaa hii. Wali utakuwa kidogo, na watu watasema, waache waseme. Siku mnayoingoja huenda isiwakute wote wawili.

Nenda, na Mungu awape uzee wa pamoja: umwite mumeo aje kula, naye aitike.