Mume Asiyegombezwa

Mimi nina mdomo, na sijawahi kukana. Hapa Chawia majirani wakisikia kelele asubuhi walijua ni Jacinta anamwamsha Philemon. Tumeishi hivyo tangu tuoane, na hakuna aliyeumia. Yeye alikuwa fundi wa kupanga mawe, zile kuta zinazozuia mashamba yetu yasiteremke mlimani, na sikuwahi kuona jiwe likimshinda.

Mwaka jana akiwa kazini alishika kifua. Alisema kuna kitu kimechanika ndani, maumivu yakapita mpaka mgongoni. Sisi tukadhani ni vidonda vya tumbo, tukampa maziwa. Kijasho chembamba kilipomtoka ndipo tukamkimbiza Voi, akapigwa picha, akapelekwa Mombasa. Daktari alinieleza kwamba mshipa mkubwa unaotoka kwenye moyo umechanika ukuta wake wa ndani. Kwa pale ulipochanikia hakukuwa na haja ya kumpasua, angeishi kwa dawa, bora presha isipande. Asibebe kitu kizito. Asikasirishwe.

Asikasirishwe! Na mimi ndiye mke wake.

Basi nikaufunga mdomo. Alimpa kaka yake mbuzi bila kuniuliza, nikasema sawa. Alikataa uji nilioukoroga kwa jasho langu, nikasema sawa. Majirani walidhani nimeokoka, kumbe ndani natokota. Nyumba yangu mwenyewe ilinibana mpaka nikawa naenda kufoka peke yangu kwenye migomba.

Juzi mvua ikabomoa ukuta wa shamba la chini. Nikitoka jikoni nikamwona ameinama, amekumbatia jiwe. Nikipiga kelele, presha itapanda. Nikinyamaza, atalinyanyua. Jamani, ningefanya nini? Niliteremka mbio nikalikalia lile jiwe.

Akanitazama sana.

"Mama Shanice, tangu nitoke hospitali hujanigombeza hata siku moja. Daktari alikuambia ninakufa, sivyo?"

Nililia. Nikamwambia, hapana, daktari aliniambia nikutunze uishi. Halafu nikamshika mkono na kumgombeza kwa kunong'ona: mkaidi wewe, kichwa ngumu, unataka kuniacha na nani? Akaketi kando yangu, uso umemkunjuka kwa mara ya kwanza baada ya miezi mingi.

"Ongeza sauti kidogo," akaniomba.

Nilitaka, Mungu anajua nilitaka. Sikuthubutu.