Koili Niliyoipika Mwenyewe

Nyinyi vijana wa nyumba hii, na wengine mtakaoyasoma haya, kaeni vizuri. Mmezoea kunisikia nikiwasema watu. Leo najisema mwenyewe. Sikusoma sana, kusoma na kuandika nilifundishwa katika darasa la ubatizo, kwa hiyo msitafute humu maneno ya kupamba. Nataka mjue jinsi nilivyomfukuza wifi yangu katika nyumba ya kaka yake kwa sababu ya gari bovu, na gari lenyewe nililiharibu mimi.

Ilikuwa miaka ya hamsini. Babu yenu alikuwa amenunua gari dogo la mizigo kwa mfanyabiashara mmoja aliyekuwa akirudi kwao Muleba. Sisi tulikaa upande wa Rugu, na pale kijijini hapakuwa na gari jingine. Tulilijengea kibanda cha majani ya migomba kando ya kibanja, shamba letu la migomba, na kuku walikatazwa kulala juu yake. Niliyewakataza ni mimi. Nililipenda gari lile kuliko nilivyoonyesha. Mke wa mzee wa kanisa haonyeshi mambo ya namna hiyo.

Mbele ya usukani palikuwa na taa ndogo nyekundu, kama tunda la kahawa lililoiva. Ukizungusha ufunguo kidogo, injini ikiwa bado imelala, taa inawaka. Injini ikinguruma, taa inazimika. Nilikuwa nimeiona mara nyingi nikiwa nimekaa upande wa abiria, na kila mara ilizimwa kabla sijaitazama nikatosheka.

Jumamosi moja babu yenu alikwenda kwa miguu kwenye mkutano wa wazee wa kanisa. Ufunguo ulikuwa kwenye msumari wake nyuma ya mlango. Nikauchukua. Nikaingia garini, nikakaa mahali pake, nikafunga mlango, nikazungusha. Taa ikawaka. Nikashika usukani kwa mikono miwili, nikakaa pale kama bibi arusi. Nilikuwa mama wa watoto wanne, msidhani nilikuwa msichana.

Mara nikasikia mbuzi ameingia kwenye maharage. Nikatoka mbio. Nilipomaliza kumfukuza mbuzi, jirani akaja kuomba chumvi, na jirani yule akija kuomba chumvi huondoka na habari za kijiji kizima. Kisha nikainjika chungu. Jua lilikuwa limeshuka nilipokumbuka ufunguo. Nilikuta taa imefifia kama kaa la jana, na mbele, chini ya boneti, pananuka harufu nisiyoijua. Nikazima. Nikarudisha ufunguo msumarini. Sikumwambia mtu. Nilijiambia taa imechoka, ikilala itapona.

Kesho yake, baada ya ibada, babu yenu alikwenda Nyakakika kumchukua dada yake mkubwa. Mume wa dada huyo alikuwa amezikwa siku chache tu. Hawakupata mtoto, na ndugu wa marehemu walikwisha kumwonyesha mlango. Nyumba waliitaka wao. Baba na mama yake walikuwa wamekufa. Kwa hiyo alikuwa na mahali pamoja tu pa kuweka kichwa, nyumbani kwa kaka yake, yaani kwangu.

Asubuhi hiyo gari lilikataa kabisa kuwaka kwa ufunguo, babu yenu akalizungusha kwa hendeli, kile chuma cha kuzungushia injini kwa mbele, mpaka shati likalowa. Likawaka, akaenda. Walirudi jioni wamechoka, wana vumbi mpaka kwenye kope. Gari lilikuwa limezima njiani mara tatu. Kila likizima, wanakaa chini, wanangoja, likipoa linawaka tena. Na babu yenu alinieleza waziwazi: mara ya kwanza lilizima wakati wa kwenda, hata dada yake hajampakia. Hilo nalisema kwa herufi kubwa. Niliambiwa. Nilisikia. Nikaacha lipite.

Siku mbili baadaye alipakia magunia ya kahawa. Gari likazima kwenye kilima, mvua ikanyesha, kahawa ikalowa. Wanaume walirudisha magunia kichwani. Nilipokwenda kisimani nilikuta wanawake wananisubiri kwa hamu.

"Shikamoo, mama gari," akaanza mmoja, mtu wa rika langu asiye na haja ya kuniamkia.

"Shika lako," nikamjibu.

"Eti gari lenu linakula majani? Maana tunaliona linasimama kwenye kila nyasi."

"Lifungieni kengele kama ng'ombe," akasema mwingine, "lisipotee."

Wakacheka mpaka mtungi wa mmoja ukamwagika. Nikarudi nyumbani na maji yangu na hasira yangu, na hasira ilikuwa nzito kuliko maji.

Wifi alikuwa jikoni anamenya ndizi. Sasa mjue, kwetu mtu aliye msibani hashiki jembe mpaka matanga yaishe. Hiyo ndiyo desturi, na wifi aliishika. Hakuwa amegusa jembe tangu afike. Alimenya, aliteka maji, alifagia. Mimi nikasimama mlangoni, nikaichukua desturi ya wazee nikaishonea kiraka changu.

"Wifi, mwenye matanga anashika jembe?"

"Hashiki. Mbona waniuliza? Nimeshika?"

"Na gari je?"

"Gari limefanyaje?"

"Gari ndilo jembe la nyumba hii. Wewe umelikalia na matanga yako mabichi. Tangu siku hiyo halijafika popote."

Akacheka kidogo. Alidhani namtania, maana wifi na wifi hutaniana.

"Na wazee walisema hivyo kuhusu magari?"

"Wangeyaona, wangesema."

Hapo akanitazama usoni, akaona sina utani. Alikuwa na ndizi moja mkononi. Aliimaliza kuimenya, akaitumbukiza majini pamoja na nyingine isiwe nyeusi, akajifuta utomvu kwenye vidole taratibu, kimoja kimoja.

"Wifi, unanifukuza?"

"Nasema matanga ukayamalizie kwingine."

"Kwingine wapi?"

Nikautua mtungi wangu. Akasema, "Kaka yangu akiniuliza?"

"Nitamjibu mimi."

Akachukua kifurushi chake, kile kile alichokuja nacho, akaenda Rugera kwa shangazi yao, kikongwe mwenye chumba kimoja kinachovuja. Zile ndizi alizomenya nilizipika, tukazila.

Babu yenu hakuwepo; alikwenda kutafuta fundi. Aliporudi akauliza dada yake yuko wapi. Nikasema amekwenda kumsalimia shangazi, atakaa kidogo. Akafurahi. Akasema, "Vizuri, atachangamka."

Fundi alikuja siku ya pili yake. Alikuwa mtu mfupi aliyekwenda vitani akiwa hajui hata baiskeli, akarudi anajua malori. Alikunywa omuramba, maji yetu matamu ya ndizi mbivu, kata mbili, kisha akafungua boneti akawa kama amesahau kwamba tupo. Kwanza alichomoa bomba la petroli, petroli ikatiririka. "Chakula kinafika," akasema. Kisha akafungua plagi moja, akaiacha imefungwa na waya wake, akailaza juu ya chuma cha injini, akamwambia babu yenu azungushe hendeli. Cheche ikaruka, ya buluu, ikilia ta, ta, ta.

"Moto mzuri," akasema babu yenu. "Sasa ugonjwa uko wapi?"

"Mgonjwa anapimwa akiwa na homa, mzee. Huyu sasa hivi hana homa."

Akairudisha plagi, wakaliwasha gari, wakaliacha lingurume palepale uani. Watoto wakaja, majirani wakaja, na yule wa chumvi akaja. Likanguruma kwa muda wa kumenya kikapu kizima cha ndizi, kisha likakohoa, likazima. Fundi akafungua plagi tena upesi, hendeli ikazungushwa. Safari hii hapakuwa na kitu. Cheche moja ya njano, dhaifu, kisha giza.

"Mama," akaniita, "nipe tambara lililoloweshwa maji baridi."

Nikaleta. Akalizungushia chombo kimoja cheusi cha mviringo, kinene kama mkono wa mtoto, kilichofungwa ubavuni mwa injini. Akaniambia nimwage maji juu yake taratibu. Nikamwaga. Tukangoja. Akaamuru hendeli, na cheche ikarudi, buluu kama mwanzo.

"Huyu ndiye," akasema. "Hii inaitwa koili. Inachukua moto mdogo wa betri na kuufanya mkubwa wa kurukia kwenye plagi. Ikipata joto inazimia. Ikipoa inaamka. Mtaendelea kulala njiani mpaka muitoe."

Akaifungua, akaigeuza juu chini. Mdomoni palikuwa pametoka kitu cheusi, kama lami, kimetiririka na kuganda. Akakinusa, akanipa na mimi ninuse. Ilikuwa harufu ile ya Jumamosi.

"Hii imepikwa," akasema. "Mtu alizungusha ufunguo, injini haikuwaka, akauacha hivyo saa nyingi. Koili ikabaki inaiva kama chungu kilichosahauliwa jikoni. Nani aliacha ufunguo?"

Aliuliza bila ukali, anafuta mikono. Watu wote wa nyumbani walikuwepo. Nilikuwa nimesimama karibu naye, na kibuyu cha maji mkononi. Nilikuwa na nafasi ya kusema neno moja tu, "mimi." Nikafungua mdomo. Babu yenu akanitangulia.

"Ni mimi bila shaka," akasema. "Jumamosi ile nilikuwa na haraka ya mkutano, huenda nilizungusha nikasahau. Mama, nisamehe. Nimewasumbua wote."

Akaniomba msamaha, mnasikia? Mbele ya majirani. Na mimi nikamjibu, "Mambo hayo hutokea, baba." Nilisema hivyo. Sauti yangu ilikuwa nzuri tu.

Koili mpya iliagizwa Bukoba, ikachukua zaidi ya wiki kufika. Siku zote hizo nilipika, nikalima, Jumapili nikaimba kanisani. Kila siku nilisema kesho nitasema. Nilijidanganya kwamba wifi amekwenda kwa shangazi yake mzazi, si porini. Kisha akapita mama mmoja anatoka Rugera, akatua mzigo wake uani kwetu kupumzika.

"Wifi yako kakonda," akaniambia. "Na kule watu hawanywi maji aliyoteka yeye."

"Kwa nini?"

"Aa, si wewe uliyemfukuza? Wanasema wifi mtu hafukuzi bure. Wanasema ana mkono mbaya, akigusa kitu kinakufa. Hata mumewe wanasema."

Mimi nilikuwa nimesema matanga. Njiani neno likawa uchawi. Sikuhitaji mtu wa kunieleza lilivyokua, nililipanda mwenyewe. Na nilijua watu wakishamwita mwanamke hivyo, mjane asiye na mtoto, mwisho wake unakuwaje.

Kesho yake koili ilifika. Fundi alifungua waya za betri kwanza. Waya nyembamba za koili ni mbili, na zinafanana, kwa hiyo alichana nyuzi za gome kavu la mgomba, akafunga fundo moja kwenye waya wa kwanza na mafundo mawili kwenye wa pili, asije akazigeuza. Akafunga koili mpya kwa bolti mbili, akarudisha waya kwa mafundo yake, akachomeka ule waya mnene katikati. Gari likawashwa. Likanguruma asubuhi nzima, halikuzima. Babu yenu akapiga makofi.

"Sasa nakwenda kumleta dada yangu," akasema.

"Zima gari kwanza," nikamwambia.

"Mama, limepona!"

"Zima, baba. Nina neno, na sitaki kulipigia kelele."

Akazima. Nikamwambia yote, fundi akiwa palepale anakusanya spana zake. Ufunguo, taa, mbuzi, harufu. Jembe na matanga. Fundi akainama akatafuta spana ambayo haikupotea. Babu yenu hakunipiga wala hakufoka. Aliniuliza tu, "Na siku ile nilipokuomba msamaha, ulikuwa unajua?" Nikasema ndiyo. Akageuza uso akatazama kibanja. Tulikwenda Rugera, na gari halikuzima hata mara moja.

Wifi alikuwa nje, anaanika maharage ya shangazi. Nilishuka nikapiga magoti mbele yake, watu wa jirani wakiona, nilitaka waone. Nikasema kwa sauti kwamba gari nililiua mimi kwa ufunguo, na mkono wa huyu hauna kosa. Alinisikiliza mpaka mwisho, anaendelea kutandaza maharage.

"Kwa ajili ya taa?" akauliza.

"Kwa ajili ya taa."

"Ilikuwa inapendeza?"

"Sana, wifi."

"Haya, inuka. Unakanyaga maharage ya watu."

Alirudi nasi. Lakini msidhani mambo yalikwisha hapo. Tangu siku hiyo hakunitania tena. Aliniamkia, alinijibu, alinipikia nilipougua, aliwalea wazazi wenu mgongoni mwake. Utani hakuurudisha, mpaka tunamzika. Na Rugera walikuwapo watu ambao hawakunywa maji yake hata baada ya mimi kupiga magoti.

Jioni ile ile tuliyomrudisha, kabla ya chakula, niliwakusanya wote, watoto, watumishi wa kibanja, na babu yenu mwenyewe, wifi akiwa amekaa mkekani. Nikawaambia: "Kuanzia leo, kitu chochote kikiharibika humu ndani, mtu wa kwanza kuulizwa ni mimi. Na nikinyamaza, mniulize tena."