Damu ya Choya

Juzi kijana mmoja sokoni alinionyesha kwenye simu yake kipande cha filamu ya zamani ya ngumi. Aliyeangushwa wa kwanza alikuwa mjomba wangu, Saidi. Alikuwa ameshaanza kukonda. Utotoni sikuliona hilo.

Kazi yake ilikuwa kufa. Huko Dar es Salaam kila stelingi alimuua, nasi tukamshangilia kwenye kibanda cha video pale kwetu Mandewa, kilichonuka petroli ya jenereta na alizeti za kukaanga. Akija nyumbani alitufichulia siri: damu ile ilikuwa juisi ya choya iliyokolezwa sukari. Tuliilamba vidoleni mwake.

Alasiri moja alikuwa amerudi, amelala mkekani uani. Akakohoa, kitambaa kikawa chekundu. Nikapiga makofi.

"Mjomba, leo umekufa vizuri! Haya, inuka."

Mama aligeukia ukuta. Mjomba alifuta mdomo, akatabasamu.

"Subiri kidogo, mjomba," akaniambia. "Bado wanapiga picha."

Nikakaa kando yake. Hata kina mama walipoanza kulia, mimi nilinyamaza kabisa, nisije nikamharibia.